Tulichokiita siagi hakikuwa siagi

Msomaji wangu, kabla hujageuza ukurasa huu kutafuta fumbo la maneno, nakuomba uinuke kidogo uende jikoni. Fungua kabati, utoe ule mkebe ambao watoto wako huutia kisu kila asubuhi wakipaka mkate. Usiniambie jina lake, nalijua. Nataka usome yale maandishi madogo madogo yaliyo ubavuni, ambayo sisi wa umri wangu hatuyaoni bila miwani. Litafute neno siagi. Ukilikosa, keti tuzungumze, kwa maana yaliyokupata yalinipata mimi pia, tena mbele ya mwanangu.

Ilikuwa mwaka 2013. Kitinda mimba wangu alikuwa darasa la sita, na mwalimu wao alikuwa amewaagiza waandike vyakula vitano vinavyotokana na maziwa. Alikuwa na vinne. Akanijia nikiwa nakaanga vitunguu.

"Mama, siagi hutoka kwa nini?"

"Kwa maziwa, mwanangu. Andika. Siagi ndiyo hiyo iliyo mezani."

Mtoto hakuandika. Alichukua mkebe, akausogeza karibu na taa, akasoma kwa kidole. Kisha akaniuliza, "Mbona hapa pameandikwa mafuta ya mawese?"

Nilimwambia aende akamalize kazi yake. Lakini vitunguu vyangu viliungua, kwani mimi si mtu wa kuulizwa swali hilo akakosa jibu. Mimi ni binti wa mfugaji. Nimezaliwa na kulelewa Kinangop, mahali ambapo mtoto huijua kwato kabla ya kuijua kalamu. Ningewezaje kuishi Nairobi miaka ishirini na saba nikiyaita mafuta ya mawese siagi?

Hebu nikurudishe nyuma kidogo.

Mama yangu alipokuwa msichana, alifanya kazi katika shamba la mlowezi karibu na Naivasha. Kazi yake ilikuwa kuzungusha mkono wa mashine ya kutenganisha malai na maziwa, asubuhi na jioni. Malai ilitiwa mitungini ikapelekwa kiwandani. Huko Naivasha ndiko walowezi walikoanzishia Kenya Co-operative Creameries, ile tunayoiita KCC, mwaka 1925, na siagi ndiyo iliyokuwa fahari yao, maana ilisafiri hadi Uingereza ilhali maziwa yenyewe hayangevuka hata Mombasa bila kuganda. Mama alizungusha mashine ile miaka minne bila kuonja alichokuwa akikitengeneza. Hayo aliyasema bila uchungu, kama mtu anayekutajia bei ya sukari.

Siku hizo Mwafrika kumiliki ng'ombe wa gredi halikuwa jambo la kawaida. Mlango ulianza kufunguliwa na mpango wa Swynnerton wa mwaka 1954, na baada ya hapo ukaja ule mpango wa kugawa ekari milioni moja za walowezi. Wazazi wangu walipata shamba lao Kinangop mwaka 1964, nami nikazaliwa mwaka huo huo. Baba alinunua ng'ombe mmoja aina ya Jersey, mdogo wa umbo, mwenye macho makubwa na rangi ya asali. Tukamwita Asali.

Ikiwa hujui ng'ombe, nikueleze kwa ufupi. Friesian, yule mwenye mabaka meusi na meupe, hutoa maziwa mengi lakini mepesi, mafuta yake ni kama asilimia tatu na nusu. Jersey hutoa kidogo, lakini mafuta hufika asilimia tano. Ukitaka kilo moja ya siagi kutoka kwa Friesian, andaa lita ishirini na tano au karibu na hapo. Kwa Jersey, lita kumi na saba au kumi na nane zinatosha. Mama alilijua hilo bila kipimo chochote. Alitumbukiza kidole katika maziwa ya jana, akatazama jinsi malai inavyoshikamana na ngozi, akakwambia Asali alilishwa wapi.

Malai ile aliienguliwa kwa kijiko cha mti, akaikusanya siku tatu nne, akaitia katika kibuyu na kukisukasuka mapajani akiimba. Sisi watoto tulikaa kungoja sauti ibadilike. Mwanzo husikika kama maji, kisha sauti huwa nzito kama mtu anayekanyaga matope, halafu ghafla unasikia donge likigonga ndani. Hapo tunapiga kelele. Siagi imekuja!

Sasa nifike kwenye jambo ambalo nimelificha zaidi ya miaka thelathini.

Januari ya mwaka 1979 niliingia kidato cha kwanza katika shule ya bweni. Huo ndio mwaka maziwa ya Nyayo yalipoanza katika shule za msingi, na wadogo zangu wakawa wakirudi nyumbani na vile vipakiti vya pembe tatu kana kwamba nyumbani hakukuwa na maziwa. Mimi Mama alinifungia sandukuni kopo zima la siagi, limetiwa chumvi lisiharibike upesi. Kulikuwa na jua kali, malisho yalikuwa yamekauka, na ng'ombe asipokula majani mabichi siagi yake hukosa ile rangi ya manjano. Siagi yangu ilikuwa nyeupe kama mafuta ya kupaka mwilini. Tena ilikuwa na harufu ya siagi, ambayo kwa pua isiyoizoea ni harufu ya zizi.

Jioni ya kwanza wasichana walitoa mikebe yao, ya manjano yote, laini, yenye kung'aa. Nikafungua kopo langu. Sitakuandikia waliyoyasema. Yatosha kusema kwamba kabla ya wiki kwisha nilikuwa na jina jipya, nalo lilihusu zizi. Usiku wa Jumamosi nilichukua kopo lile, nikaenda nyuma ya bweni karibu na ua wa michongoma, nikachimba kwa kijiko na kuizika siagi ya mama yangu. Nyumbani nikaandika barua kwamba imekwisha, watu waliipenda mno, ila muhula ujao ningeomba ninunuliwe Blue Band ili nisisumbue.

Walininunulia. Baba aliuza mbuzi.

Asali naye hakudumu. Chama chetu cha ushirika kilikuwa kikinunua maziwa kwa lita, wala hakuna aliyepima mafuta. Kipimo kilichotumbukizwa mtungini kilikuwa cha kuwanasa waliotia maji, basi. Jirani yetu alikuwa na Friesian aliyejaza mtungi akafurika, na Baba akipeleka nusu mtungi wa maziwa mazito kama uji akalipwa nusu ya pesa. Karo ikapanda. Mwaka 1981 Baba alimtoa Asali kwa mnunuzi wa Naivasha, akaleta Friesian wawili. Mama hakusema neno, lakini kibuyu alikitundika juu ya dari la jikoni, pale moshi unapopita, na sikukiona kikishuka.

Fikiria jambo hilo, ewe msomaji. Mkulima akilipwa kwa wingi wa maji, ataleta ng'ombe wa maji. Na siagi haitengenezwi kwa maji. Viwanda vya maziwa hapa kwetu, hadi leo, hutengeneza siagi kwa malai inayobaki baada ya kuyapunguza mafuta ya maziwa ya pakiti yafike kiwango kinachotakiwa. Siagi ni kama ndugu wa kambo, hula kinachobaki. Ndiyo sababu unaiona pembeni mwa jokofu la supamaketi, pakiti chache zenye bei ya kuogofya, ilhali majarini imepangwa ukuta mzima.

Majarini yenyewe ina kisa chake. Ilibuniwa Ufaransa mwaka 1869 na bwana mmoja mtaalamu wa kemia, Hippolyte Mège-Mouriès, baada ya mfalme wao Napoleon III kutaka kitu cha rahisi cha kuwapa mabaharia na maskini badala ya siagi. Yake ilitengenezwa kwa mafuta ya ng'ombe. Baadaye viwanda vikajifunza kuyagandisha mafuta ya mimea, na hapo gharama ikaporomoka. Hapa Kenya iliyotamba ni Blue Band, iliyotengenezwa na East Africa Industries, tawi la Unilever. Unilever wenyewe waliiuza biashara hiyo ya mafuta ya kupaka mwaka 2018, na sasa iko mikononi mwa kampuni nyingine. Mafuta ya mawese yanayotumika hapa nchini hutoka zaidi Malaysia na Indonesia. Kwa hivyo mtoto wa Kinangop, anayelala akisikia ng'ombe wakicheua, huamka akapaka mkate wake kitu kilichovuka Bahari ya Hindi.

Lakini tuseme ukweli, majarini ilishinda kwa haki. Nilipokuja Nairobi mwaka 1986 kufundisha, nilipanga chumba kimoja Kariobangi, sina jokofu wala pa kuliweka. Siagi ingenisaidia nini? Ingeyeyuka mchana na kuchacha baada ya siku chache. Majarini nilinunua ya kupima: mwenye duka anachota kwa kisu kutoka mkebe mkubwa, anaifunga katika karatasi, unatoa sarafu. Ilikuwa na vitamini A ambayo watoto wengi wa mtaani hawakuipata kwingine, na tangu mwaka 2012 sheria inawalazimu wenye viwanda kuitia katika mafuta ya kula. Hata mkebe wake ukiisha haukutupwa. Ulitiwa chumvi, ukabebewa githeri ya kazini, ukapandwa kitunguu. Niambie ni siagi gani iliyowahi kukupa chombo.

Ama kuhusu afya, mimi si daktari, nami sitaki mtu aende akatupe mkebe wake kwa sababu yangu. Siagi ina mafuta yasiyoupendeza moyo yakizidi. Majarini za zamani, zilizogandishwa kwa njia ile ya kale, zilikuwa na aina ya mafuta ambayo ni mabaya zaidi, na Shirika la Afya Duniani lilianza mwaka 2018 kuzihimiza nchi zote ziyaondoe katika vyakula. Paka kidogo, chochote unachopaka.

Turudi kwenye mwaka 2013 na aibu ya vitunguu vilivyoungua.

Likizo ya Aprili nilimpeleka mtoto kwa nyanya yake ili akajionee. Mvua ya masika ilikuwa imeshuka kweli kweli. Wewe uliyepita Fly Over ukaelekea Njabini wakati wa mvua unaujua udongo ule. Lori la maziwa lilikuwa limekwama siku ya tatu, na wanawake walikuwa wamesimama kando ya barabara na mitungi yao. Saa nne ilipofika walianza kumwaga. Maziwa yalitiririka mtaroni pamoja na matope, meupe na mekundu, na mbwa wakawa wanakunywa. Mwanangu alilia. Mama yangu alitazama mtaro ule kwa muda, akasema, "Mafuta hayo yangekaa."

Neno hilo ndilo lililoanzisha yote. Maziwa huharibika kwa siku moja, siagi hukaa wiki kadhaa mahali penye baridi, na samli hukaa miezi. Kwa nini watu wamwage? Mwaka 2014 wanawake wanane, mimi nikiwa wa tisa na mwenye kuonwa msomi, tulianza kikundi. Mama alikuwa na umri wa miaka sabini na sita, akauza mtamba wake mmoja na kutoa shilingi 40,000. Tulinunua mashine ya mkono ya kutenganisha malai, na pipa dogo la kusukia. Mama alipouona ule mkono wa mashine aliushika, akauzungusha mara mbili, akacheka peke yake.

Siagi ya kwanza iliharibika yote. Tulikuwa tumeichemsha malai kuua vijidudu, tumeipoza usiku kucha, tumeisuka ikaja vizuri, chembe ndogo ndogo kama mchele, tukaikusanya kwa furaha na kuifunga. Baada ya siku tano ilikuwa chungu. Mama aliilamba akatema. "Hamkuiosha," alisema. Kumbe ukiisha kumwaga ule mtindi unaobaki, unatakiwa kuiosha siagi kwa maji safi ya baridi, mara tatu nne, mpaka maji yatoke kama yalivyoingia. Mtindi ukibaki ndani ndio unaochacha. Halafu uikande, uyakamue maji yote yanayoweza kutoka, kwa kuwa siagi halali haitakiwi kuwa na maji zaidi ya asilimia kumi na sita, na mafuta yasipungue themanini. Alijua hayo yote tangu ujana, lakini hakuna aliyemwuliza. Mimi mwalimu nilikuwa nimeyatafuta katika vitabu.

Tulianza kuuza kwa marafiki, robo kilo shilingi 200. Wengine walirudisha. "Mwalimu, hii mbona ngumu? Mbona haipakiki?" Nikawa naeleza kwamba siagi ya kweli ikitoka kwenye baridi huwa ngumu, iache mezani nusu saa. Mama mmoja wa jirani aliniambia wazi wazi kwamba watoto wake wanataka siagi ya kawaida, si hii ya maziwa. Maneno hayo niliyaandika katika daftari langu na bado ninayo.

Lakini wapo waliopenda, tena wakalipa. Ndipo tamaa ikatuingia, na nasema tamaa kwa kuwa mwenye tamaa nilikuwa mimi. Nilitaka kuiona siagi yetu kwenye rafu ya supamaketi. Tulihangaika mwaka mzima kupata leseni ya Bodi ya Maziwa na alama ya ubora ya KEBS, tukatengeneza kifuniko chenye picha ya ng'ombe wa rangi ya asali. Mwaka 2016 duka moja kubwa la jijini, ambalo sitalitaja, likakubali. Masharti yalikuwa kwamba tutalipwa baada ya siku sitini, na kisichouzwa kitarudishwa kwa hasara yetu. Niliweka sahihi siku hiyo hiyo. Nilikuwa nimevaa kitenge kipya.

Malipo ya kwanza yalikuja siku ya tisini. Ya pili yalikuja nusu. Siagi iliporudishwa nikaona imeyeyuka na kuganda tena, maji yamejitenga pembeni, nikaelewa kwamba kuna mtu aliyekuwa akizima majokofu usiku. Nilipolalamika niliambiwa nizungumze na ofisi nyingine, na ofisi hiyo ikanirudisha kwa ya kwanza. Kule Kinangop wanawake waliendelea kuleta malai kila asubuhi, wakiandika lita zao katika daftari, kwa sababu mwalimu alisema pesa zinakuja. Utakumbuka jinsi maduka kadhaa makubwa yalivyoanguka miaka hiyo. Asubuhi moja ya mwaka 2017 nilifika nikakuta milango ya chuma imeshushwa, na nje kuna wanaume wa mikate, wa mayai, wa mboga, kila mmoja na bahasha yake ya ankara. Yangu ilikuwa na shilingi 186,000.

Kwa kampuni kubwa hizo ni pesa za chai. Kwa wanawake wanane wa Kinangop hizo zilikuwa karo, dawa za ng'ombe, na mabati ya mtu aliyekuwa ameanza nyumba.

Nilipanda matatu kwenda nyumbani nikiwa nimepanga maneno njia nzima. Nilimkuta Mama akikama. Sikuketi. Nilimweleza yote hapo hapo zizini, na mikono yake haikusimama hata mara moja, maziwa yakaendelea kulia ndooni. Nilipokwisha aliniuliza jambo moja.

"Karatasi ile ilitiwa sahihi na nani?"

"Ni mimi, Mama."

"Basi deni ni lako. Wale wanawake hawakulijua duka, walikujua wewe."

Msomaji, nilikuwa nimetarajia kufarijiwa. Mtu mzima wa miaka hamsini na tatu bado hutarajia mama yake amfute machozi. Usiku ule sikulala, nikihesabu mshahara wa mwalimu na madeni ya watu wanane. Mume wangu aliposikia alinyamaza siku mbili, kisha akaja na kalamu tukapanga. Nililipa kidogo kidogo kwa M-Pesa kila mwisho wa mwezi, miaka mitatu na miezi miwili. Wa mwisho kumalizana naye alikuwa yule wa mabati. Wa tisa, yaani Mama, hakutaka zake 40,000. Aliniambia nimnunulie mtamba, tena awe Jersey.

Kikundi hakikufa. Wawili walitoka, wakaingia watatu. Hatuuzi tena kwa mtu anayelipa kesho. Pesa zinaingia kwenye simu, ndipo siagi inapanda gari. Wanunuzi wetu wakubwa si wa mkate hata kidogo, bali ni akina dada wanaooka keki majumbani, ambao wanajua kwamba keki ya siagi na keki ya majarini hazifanani, na wateja wao pia wameanza kujua. Kinachozidi tunakichemsha polepole mpaka maji yakauke na masimbi yatue chini, tunachuja, inakuwa samli. Hiyo ndiyo inayotuweka mjini. Haihitaji jokofu wala umeme. Huenda Eastleigh, na nyingine hushuka Mombasa kwa watu wa pilau na halua, ambao samli mbaya huikataa kwa kunusa kifuniko tu. Mzee mmoja wa huko aliwahi kutuma chupa nzima irudi, akasema imeungua. Tulipoionja, kweli ilikuwa imeungua. Mteja wa namna hiyo simwachi. Maziwa yaliyotolewa malai nayo hatumwagi, tunayagandisha yawe mala, na yanayobaki wanapewa ndama. Faida ni ndogo, sitakudanganya. Ikiwa unataka utajiri wa haraka usisuke siagi.

Watu husema soko la siagi hapa kwetu ni dogo kwa kuwa sisi ni maskini. Mimi nadhani hiyo ni nusu ya habari. Soko la maziwa lilipofunguliwa mwaka 1992, na KCC ya zamani ikaporomoka mwishoni mwa miaka hiyo ya tisini hata serikali ikalazimika kuifufua kwa jina la New KCC mwaka 2003, sote tulipigania maziwa ya chai. Nani atampa nani, kwa bei gani, kwa pakiti au kwa kopo la Kimbo. Kenya hunywa maziwa, haili. Siku mkulima atakapolipwa kwa mafuta badala ya lita, utaona ng'ombe wadogo wa rangi ya asali wakirudi Kinangop wenyewe. Hilo nimelisema katika mikutano mingi ya ushirika, na kila mara mwenyekiti hunishukuru na kuita ajenda inayofuata.

Desemba iliyopita Mama alikuja kwangu kukaa wiki mbili. Macho yamefifia lakini pua iko. Kitinda mimba wangu, ambaye sasa ni mwanamke mwenye kazi yake, aliamka mapema kumwandalia nyanya yake kifungua kinywa cha heshima: chai, mkate uliokatwa mwembamba, na siagi yetu, ya manjano kwa sababu Kinangop kulikuwa na majani. Mama alijaribu kuipaka. Mkate ukapasuka. Akajaribu tena, ukapasuka tena. Akaweka kisu chini.

"Hamna Blue Band?" aliuliza.

Tulitazamana. Mjukuu akasema, "Lakini Nyanya, hii ni ile yenu, ya Jersey wako."

"Naijua. Hiyo ni ya kuuza. Mimi sina meno."

Tulicheka mpaka mume wangu akatoka chumbani kuuliza kuna nini. Mtoto alikimbia dukani kununua kimkebe kidogo. Nilipobaki na Mama peke yetu, sijui nini kilinisukuma, nikamwambia habari za kopo lile la mwaka 1979, ua wa michongoma na kijiko. Nilimwambia nilimdanganya.

Alikuwa akipuliza chai yake. "Ulidhani sijui?" alisema. "Kopo lilirudi nyumbani likinuka udongo. Nikalisafisha kwa majivu, nikaweka chumvi."

Mlango ukafunguka, mtoto akaingia na mkebe. Mama akanyoosha mkono.